Nyimbo za Kale za Mtu Aliyeokoka

Mwimbaji aliyezoea kumbi na vilabu anapookoka katika makanisa ya Meru na Embu, waumini humtazamia mambo mawili. La kwanza ni kuungama dhambi zake, na wana haki ya kulisubiri, kwa maana kanisa lisilojua toba limekwisha. La pili ni kuzikana nyimbo zake: aseme hadharani kwamba zilikuwa za shetani, asiziimbe tena hata nyumbani kwake, na ikiwezekana awasihi watu wa redio wasizipige. Mambo haya yamekwenda pamoja kwa muda mrefu hata tunayaona kama jambo moja. Nadai kwamba si jambo moja. Toba humtaka mtu auache uovu. Wimbo uliosema kweli si uovu, hata kama uliimbwa mahali pa pombe na mtu aliyekuwa amelewa, na kumlazimisha aliyeuimba auite uongo ni kumfundisha kutoa ushahidi wa uongo siku yake ya kwanza mbele ya madhabahu.

Sharti hili lina historia, na katika pande hizi za Mlima Kenya historia hiyo ni fupi. Waanglikana wa CMS walianza kazi Kigari, Embu, mwaka 1910. Wamethodisti wakaja Kaaga, Meru, mwaka 1912. Mapadre wa Consolata waliingia miaka hiyohiyo. Na mwaka 1922 Dkt. Clive Irvine wa misheni ya Kanisa la Scotland akafungua kituo cha Chogoria. Waliwakuta watu ambao karibu kila jambo zito walilifanya kwa wimbo. Kulikuwa na nyimbo za kulima na za kupura mtama, za arusi, za kumlaki shujaa, za kumsuta mwizi na mchoyo. Wameru walikuwa na kirarire, wimbo wa jando wenye mafumbo na majibizano, na Wachuka walikuwa na ngoma zao ndefu zinazobanwa katikati ya miguu, ambazo mpaka leo zinawatambulisha popote waendapo. Mgeni aliyefika na Biblia mkononi hakukaa kitako kuchambua wimbo huu na ule. Ngoma yote ilitiwa katika kapu la ushenzi, na aliyetaka ubatizo alitakiwa aiache yote. Kisha ukaja mwaka 1929, misheni zilipowataka waumini wale kiapo cha kukataa ukeketaji wa wasichana. Chogoria ikapoteza sehemu kubwa ya waumini wake katika muda wa majuma machache, na katika wilaya za Mlima Kenya ukazuka Muthirigu, wimbo wa kuwakejeli wamisionari na machifu, ambao serikali ya kikoloni iliupiga marufuku mwaka 1930. Tangu hapo wimbo wa nje ya kanisa ukabaki na harufu ya uasi, hata ukiwa wa kupura mtama tu.

Juu ya ukeketaji wenyewe naamini wamisionari walikuwa na haki, ingawa njia waliyotumia ilikuwa ya ubabe. Ila katika nyimbo waliacha kazi nusu, nasi tumerithi unusu huo. Walituambia wimbo hujulikana kwa mahali ulikotoka, ilhali vitabu walivyotuletea viliwapinga. Tuni ambayo makanisa mengi huiimbia mateso ya Yesu siku ya Ijumaa Kuu ilitungwa na Mjerumani Hans Leo Hassler kwa ajili ya wimbo wa mapenzi uliochapishwa mwaka 1601. Jeshi la Wokovu, ambalo lina makanisa yake Embu, lilianza Uingereza kwa kuchukua tuni za kumbi za starehe na kuzivika maneno ya Injili, na halikuona haya. Hapa kwetu Waakurinu waliurudisha mdundo wa ngoma katika sala zao wakati makanisa ya misheni bado yalikuwa yakiuogopa. Wakatoliki nao, baada ya Mtaguso wa Pili wa Vatikano wa miaka ya 1962 hadi 1965, wakaleta ngoma na kayamba ndani ya misa. Chombo kilichowanyima watu ubatizo enzi za babu zetu leo kiko kando ya altare, na padre hunyunyiza maji ya baraka huku kikilia.

Atatokea mtu wa kusema kwamba makanisa yalichukua tuni na ngoma lakini yakabadilisha maneno. Ni kweli, na nashukuru kwa hoja hiyo kwa sababu inatusogeza mbele. Ikiwa sauti si najisi, na ngoma si najisi, na tuni iliyozaliwa katika mapenzi ya vijana yaweza kubeba mateso ya Kristo, basi kilichobaki cha kuhukumiwa ni maneno. Haya, tuyahukumu maneno. Tusiulize yaliimbiwa wapi, wala aliyeyaimba alilala wapi usiku ule. Tuulize kama yalisema kweli, na kama yaliwatakia watu mema.

Anayefaa kuchunguzwa kwanza ni Joseph Kamaru, kwa kuwa nyimbo zake za Kikuyu zilisikika Embu na Kirinyaga kama zilivyosikika kwao Kangema alikozaliwa mwaka 1939. Katika miaka ya 1960 aliimba juu ya walimu waliowanyemelea wanafunzi wao wa kike, na chama cha walimu kikakasirika hata kikatishia mgomo. Mwaka 1975, mbunge J. M. Kariuki alipouawa, Kamaru alimwimbia maombolezo ambayo redio ya taifa haikuthubutu kuyapiga. Mwaka 1993 akatangaza kwamba ameokoka, akaivunja bendi yake, akageukia nyimbo za Injili. Kuokoka kwake sikutilii shaka. Moyo wa mtu na Mungu wake ni jambo lao wawili. Ninalouliza ni hili: wimbo wa kuwakemea walimu wale ulikuwa na dhambi gani ya kutubiwa? Mhubiri angesimama Runyenjes au Nkubu akasema maneno yaleyale katika mahubiri, tungeitikia amina, na wazazi wenye mabinti shuleni wangelia. Wimbo wa kumlilia aliyeuawa nao ulitenda kazi ambayo maaskofu wengi wa wakati ule waliogopa kuitenda. Kama Kamaru alikuwa na nyimbo nyingine za kutia watu tamaa au za kuwadhalilisha, hizo angeweza kuziacha moja moja, akijua kwa nini. Wafuasi wake walisikitika sana alipoziacha zote, na nadhani si kwa sababu walipenda dunia. Walihisi kwamba aliyewasemea sasa anawaacha bubu. Miaka ya baadaye alirudi kuziimba nyingi za zile za kale, hadi alipofariki mwaka 2018, na wapo walioliita jambo hilo kurudi nyuma. Mimi naliona kama mtu kuichukua tena mali yake halali aliyokuwa ameitupa pamoja na takataka.

Wa pili hakuwa Mkristo, na ndiyo maana namleta: anatuwezesha kuona wimbo bila kuvurugwa na habari ya nani ameokoka na nani hajaokoka. Siti binti Saad alizaliwa Fumba, Unguja, yapata mwaka 1880, katika ukoo uliopitia utumwa. Jina alilopewa na wazazi ni Mtumwa. Hakuenda shule. Aliuza vyungu vya mama yake akitembea na kunadi, na sauti ile ya kunadi ikawafikisha watu kwenye kipaji chake. Alihamia mjini mwaka 1911, akafundishwa uimbaji na Muhsin Ali, na mwaka 1928 akaenda Bombay na wenzake kurekodi santuri za Kiswahili. Kabla yake taarabu ilikuwa burudani ya Kiarabu ya jumba la Sultani. Yeye aliiteremsha hadi mtaa wa Ng'ambo, kwa watu wa kawaida, kwa lugha yao. Wimbo wake kuhusu Kijiti ulisimulia kisa cha kweli: mwanamke mgeni kutoka bara aliyenajisiwa na kuuawa, mtuhumiwa, huyo Kijiti, akavuka bahari akatoroka, na sheria ikawashukia wanawake waliomkaribisha marehemu, kwa kosa la pombe. Santuri ile ilizunguka pwani yote ikiimba kwamba mahakama imewafunga wasiostahili. Nabii Amosi aliwashutumu waamuzi waliopindua haki langoni pa mji. Sioni tofauti ya kazi baina ya watu hawa wawili. Tofauti ninayoiona ni kwamba maneno ya mmoja tunayasoma kanisani, na ya mwingine yangemzuia mtu kupewa meza ya Bwana.

Mtu anaweza kunijibu kwamba Siti aliimba pia mapenzi na mambo ya anasa, na kwamba watu wa wakati wake walimtukana na kumtilia shaka heshima yake. Aliimba, na walimtukana. Kuna wimbo maarufu wa kumkejeli kwa asili yake ya shamba na umaskini wake, naye akawajibu kwa wimbo. Lakini Shaaban Robert, ambaye hakuwa mtu wa kuchezea maadili, alipoandika wasifu wake aliona katika maisha yale kielelezo cha juhudi na utu. Alimjua akiwa hai na hakumngojea aikane kazi yake ndipo amhesabu kuwa mtu mwema. Katika hili Shaaban Robert alikuwa na subira ya kuhukumu ambayo makanisa yetu bado yanaitafuta.

Kuna safari nyingine inayokwenda upande wa pili kabisa, na naiona kuwa yenye mafunzo kuliko zote, ya Ethel Waters wa Marekani. Alizaliwa Chester, Pennsylvania, mwaka 1896, mama yake akiwa binti mdogo aliyebakwa, akalelewa zaidi na bibi yake aliyefanya kazi za nyumbani kwa watu. Akawa mwimbaji wa vilabu, akaingia Cotton Club ya New York mwaka 1933, kisha akashinda vizuizi vya rangi hadi jukwaa la Broadway na filamu. Kwa filamu ya mwaka 1949 iitwayo Pinky alipendekezwa kwa tuzo ya Oscar wakati wanawake weusi waliopata heshima hiyo walikuwa karibu hawapo. Mwaka 1957 alikwenda kwenye mikutano ya Billy Graham pale Madison Square Garden, akajiweka upya mikononi mwa Mungu, akaingia katika kwaya ya mkutano, na kwa miaka mingi baadaye akaimba katika mikutano ya mhubiri huyo, yuleyule aliyefika Kenya mwaka 1960. Vilabu aliviacha. Hapo wengi wetu hukomea kusimulia, tukamfanya mfano wa aliyeikana dunia.

Lakini utenzi uliomtambulisha katika mikutano ile, ule wa Mungu amwangaliaye shomoro, haukuanzia mkutanoni. Aliujua kutoka kwa bibi yake, na mwaka 1950 aliuimba jukwaani, katika tamthilia ya The Member of the Wedding, akiigiza mpishi mweusi anayewafariji watoto wawili. Tena alikataa wimbo mwingine uliokuwa umepangwa mahali pale, akataka huo. Mwaka 1951 alitoa tawasifu yake kwa jina la utenzi huohuo, na ndani yake akaeleza bila kuficha namna alivyozaliwa na maisha ya mitaa aliyopita. Utenzi ulitoka jukwaa la tamthilia ukaingia mkutano wa Injili ukiwa tayari umebeba uzito wa maisha yake. Na mwaka 1961, miaka minne baada ya kujiweka wakfu, alikubali kuigiza katika runinga, katika mfululizo wa Route 66, kama mwimbaji mzee wa jazi aliye karibu kufa anayetamani kuisikia bendi yake ya zamani tena. Aliuacha mtindo wa maisha, lakini hakuiona aibu kumwonyesha mwanamke wa aina aliyokuwa yeye, kwa huruma na bila kumlaani. Ninaposikia kwamba toba ya kweli haitazami nyuma, namkumbuka mama huyu.

Na hapa niseme jambo linaloniuma. Mwanamke hudaiwa kuzikana nyimbo zake kwa ukali ambao mwanamume hadaiwi. Mwanamume aliyepiga gitaa baani miaka 20 akiokoka, mara nyingi hupewa gitaa la kanisa Jumapili inayofuata, na ustadi alioupata kwenye pombe unaitwa kipawa. Mwanamke aliyeimba baa ileile huambiwa kwanza akae kimya kwa muda, aangaliwe mavazi, aulizwe maswali juu ya wanaume. Wimbo wake huchukuliwa kuwa sehemu ya mwili wake, na mwili wake kuwa ndio dhambi. Kama kanisa lingekuwa linahukumu maneno ya wimbo, lingehukumu sawasawa. Kwa kuwa halihukumu sawasawa, tunajua kwamba kinachohukumiwa ni kitu kingine.

Pingamizi lenye nguvu kuliko yote limo katika Matendo ya Mitume sura ya 19. Waefeso waliokuwa waganga waliokoka, wakaleta vitabu vyao wakavichoma mbele ya watu, na thamani yake ilihesabiwa ikawa vipande 50,000 vya fedha. Hawakuchambua ukurasa kwa ukurasa. Kwa nini basi mwimbaji asivichome vyake? Nimelitafakari fungu hili kwa uzito, na jibu langu ni kwamba vitabu vile vilikuwa zana. Kazi yake yote ilikuwa kuwatawala watu na pepo kwa maneno ya siri. Ukiondoa kazi hiyo hakubaki kitu. Wimbo wa kupinga hukumu ya uonevu hauna kazi ya namna hiyo. Isitoshe, sura mbili tu kabla, Paulo amesimama Areopago, Athene, anawahubiria Wagiriki juu ya Mungu wa kweli, na anatumia maneno ya washairi wao wenyewe, watu walioimba sifa za Zeu. Hakusema kwamba maneno yale ni machafu kwa sababu ya midomo iliyoyatoa. Aliyaona kuwa kweli, akasimama juu yake. Mtume huyohuyo anahusika katika sura zote mbili, zisomwe pamoja.

Pingamizi la pili ni la kiumbe kipya: aliye ndani ya Kristo, ya kale kwake yamepita. Kweli yamepita. Lakini ndugu wa uamsho wa Afrika Mashariki, waliofika Kenya mwaka 1937 wakiimba wimbo wao wa Tukutendereza na kuacha alama kubwa hasa kwa Waanglikana wa Embu, walitufundisha namna ya kuyaelewa maneno hayo. Mlokole, yaani mmoja wa ndugu hao, hasemi hakuwahi kuiba. Anasimama mkutanoni anasema niliiba, kwa jina la kitu na la mtu aliyemwibia, na uzito wa ushuhuda wake umo humo. Ya kale yamepita kama utumwa, si kama habari. Zaburi ya 51 hadi leo ina kichwa kinachotaja kosa la Daudi na Bathsheba. Waliokusanya Zaburi wangeweza kukifuta kwa heshima ya mfalme, na hawakufuta. Katika Biblia hiyohiyo umo Wimbo Ulio Bora, wimbo wa mapenzi ya mume na mke. Najua unafasiriwa kuwa ni habari ya Kristo na Kanisa, na tafsiri hiyo siikatai, ila hata wanaoifuata hawajawahi kutaka maneno ya mapenzi yabadilishwe. Yameachwa kama yalivyo.

Tatu, kuna habari ya ndugu dhaifu. Kijana aliyeacha pombe juzi akisikia wimbo ule wa baa redioni, iwe ni Muuga FM au Wimwaro FM, miguu yake inaweza kukumbuka njia. Pingamizi hili nalikubali karibu lote. Paulo anasema angeiacha nyama milele kuliko kumkwaza ndugu yake, na mwimbaji aliyeokoka anapaswa kuwa na upendo wa namna hiyo. Lakini tuangalie anachokiacha Paulo. Anaacha kula, hasemi nyama ni sumu. Katika barua ileile anasisitiza kwamba sanamu si kitu na kwamba wenye ujuzi wako sahihi. Mwimbaji aweza vilevile kusema wimbo huu sitauimba penye kijana huyu, au sitauimba kilabuni tena, bila kusema kwamba ulikuwa wa shetani. Tulichokifanya sisi ni kuchukua busara ya mahali na wakati, tukaigeuza kuwa fundisho juu ya asili ya kitu.

Sisemi kwamba hakuna nyimbo za kuachwa. Zipo, na baadhi ni za mababu zetu wenyewe. Nyimbo za kumtia msichana moyo akubali kukeketwa, na kumdhihaki aliyekataa, zilikuwa sehemu ya mkono uliomuumiza. Njuri Ncheke yenyewe, baraza la wazee wa Meru, ilipiga marufuku ukeketaji mwaka 1956, na wasichana wa Meru wakaasi wakakeketana wao kwa wao, wale walioitwa Ngaitana. Jinsi walivyoshikilia inaonyesha mafundisho yale yalivyokuwa yamewaingia. Wimbo wa namna hiyo hauokolewi na uzee wake wala na utamu wa ngoma yake. Vivyo hivyo wimbo wa kisasa unaomfanya mwanamke kuwa kitoweo, au unaowachochea watu wa kabila moja dhidi ya jingine wakati wa uchaguzi, uachwe, na kama uliwadhuru watu, aliyeuimba awaombe msamaha kwa kuutaja. Toba ya namna hii ni ngumu kuliko ile ya kukana yote kwa jumla. Anayekana nyimbo zake zote kwa sentensi moja hajalazimika kusema ni upi uliomwumiza nani.

Kuna pia swali la wimbo ni wa nani, na juu ya hili Wameru walikuwa na fikra ambayo kanisa halikuiuliza. Mugwe, yule kiongozi wa ibada ambaye padre Bernardo Bernardi aliandika habari zake katika kitabu cha mwaka 1959, alishika nguvu ya baraka katika mkono wake wa kushoto, na mkono huo uliwekwa umefichwa, ukiinuliwa wakati wa kuwabariki watu. Nguvu ilikaa kwake lakini haikuwa yake ya kutumia apendavyo. Alikuwa mlinzi wake kwa niaba ya watu. Sisemi mwimbaji ni Mugwe. Nasema kwamba katika fikra hii mtu hawezi kubatilisha leo baraka aliyoitoa jana, kwa kuwa imekwisha kuwafikia wenyewe. Wimbo wa Kamaru wa kumlilia J. M. ulipokwisha kuimbwa na wajane na wafanyakazi wa mashamba ya kahawa, haukuwa tena wa Kamaru peke yake kuuhukumu. Kama ameona dhambi katika maisha yake ya siku zile, atubu maisha yale. Wale waliofarijika hawana cha kutubu, na yeye akiuita wimbo wao uchafu anawavua faraja ambayo Mungu huenda ndiye aliyewapa.

Namna gani basi mwimbaji ambaye mwenyewe, bila kushurutishwa, anataka kunyamaza? Mwimbaji wa Injili Mahalia Jackson aliombwa mara nyingi aimbe bluzi, wakimwahidi fedha nyingi, akakataa maisha yake yote, na mwaka 1963 aliimba Washington mbele ya umati uliomsikiliza Martin Luther King. Alikuwa huru kukataa, na uhuru huohuo anao mwimbaji wa Chuka au Siakago anayeamua kwamba kuanzia leo ataimba za Mungu tu. Hakuna anayeweza kumdai wimbo. Hata hivyo Mahalia aliwasikiliza waimbaji wa bluzi tangu utoto na alikiri kwamba alijifunza kwao; hakuhitaji kuwalaani ili awe wa Mungu. Wazee wa kanisa wanaompokea mwimbaji mpya wangeweza kuanzia hapo: wakae naye, wazisikilize nyimbo zake pamoja naye, hata zile za lugha ya mtaani ambazo hawazielewi vizuri, na wamwulize katika kila mmoja ulimtendea nani mema na ulimtendea nani mabaya. Inaweza kuchukua majuma, na huenda baadhi ya wazee wakagundua kwamba wimbo mmojawapo waliutumia wao wenyewe kuwaposa wake zao.